Butiama na Bomu la Makaburu

Ukisimama Mwitongo, Butiama, kwenye mawe makubwa ya nyumbani kwa Mtemi Burito wa Wazanaki, mahali alipozikwa mwanawe, Mwalimu Julius Nyerere, utasimuliwa uhuru, Azimio la Arusha na vita vya Kagera. Vita vyake dhidi ya nyuklia ni nadra kutajwa, na mimi jambo hilo linaniuma.

Kuzaliwa kwake 1922 na kuanza kwake shule Mwisenge, Musoma, 1934 tunakujua. Twende Cairo, Julai 1964. Kikao cha Umoja wa Nchi Huru za Afrika (OAU) kilichopitisha hoja ya Mwalimu ya kuheshimu mipaka ya wakoloni ndicho hichohicho kilichotangaza kwamba Afrika isiwe na silaha za nyuklia. Ufaransa ilikuwa imeshalipua bomu Sahara, kule Reggane, Februari 13, 1960.

Makaburu wa Afrika Kusini wakaunda mabomu yao. Machi 24, 1993, Rais wao, F. W. de Klerk, alikiri bungeni kuwa waliunda mabomu sita, na yote yamefumuliwa. Waandishi wengi wanaliita tendo la hiari na kumkabidhi yeye sifa zote. Siafiki. De Klerk mwenyewe alieleza kwamba waliyaunda kwa kuwahofia Wasovieti na Wacuba waliokuwa Angola, tena nchi yake ikiwa imetengwa. Walioitenga walikuwa nani? Nchi za Mstari wa Mbele, yaani nchi huru za kusini mwa Afrika zilizopinga ubaguzi, zilizoongozwa na Mwalimu hadi 1985, zilikuwa mbele katika kazi hiyo. Ubaguzi ulipoanza kuporomoka, bomu likakosa kazi. Wapo wanaosema Makaburu hawakutaka kumwachia Mandela bomu hilo. Nami naona dai hilo lina uzito.

Mwalimu hakuishia kusini. Mei 22, 1984, yeye na viwanja wenzake Indira Gandhi wa India, Olof Palme wa Uswidi, Miguel de la Madrid wa Mexico, Raúl Alfonsín wa Argentina na Andreas Papandreou wa Ugiriki waliyataka mataifa makubwa yasitishe majaribio na utengenezaji wa silaha za nyuklia. Gandhi na Palme wakauawa, yeye akang'atuka, lakini juhudi hazikufa. Ixtapa, Mexico, Agosti 1986, nchi hizo sita zilijitolea kupeleka wataalamu wa mitetemo ya ardhi kwenye viwanja vya majaribio vya Marekani na Usovieti, ili asiwepo wa kusema majaribio hayahakikiki. Doa lipo: India, mojawapo ya nchi hizo sita, ilikuwa imelipua bomu 1974, ikarudia 1998.

Tangazo lile la 1964 hatimaye likawa mkataba: Mkataba wa Pelindaba wa kuifanya Afrika isiwe na silaha za nyuklia, wenye jina la kituo cha nyuklia cha Afrika Kusini, ulitiwa saini Cairo Aprili 11, 1996. Tanzania iliuridhia 1998, Mwalimu akiwa hai.