Mikutano Ilivyoingia Arusha

Vijana wenzangu, hebu tazameni biashara ya mikutano Tanzania ilikozaliwa. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilivunjika mwaka 1977, maofisi yake Arusha yakakosa mwenyewe. Mwaka 1978 yakawa Kituo cha Kimataifa cha Mikutano, AICC, cha kukodisha kumbi na vyumba. Ugomvi wa majirani ukawa mtaji, bwana! Na wateja wakubwa wakaja na msiba: Agosti 1993 mkataba wa amani ya Rwanda ulisainiwa Arusha, amani haikuja, na mahakama ya mauaji ya kimbari ikapanga AICC. Mahoteli, teksi, wakalimani, wote walikula humo. Jumuiya ilipofufuliwa kwa mkataba wa 1999, ilikaa palepale, sasa mpangaji, mpaka ilipojengewa makao mapya mwaka 2012.