Historia ya Kipeo Kisichojulikana

Suala la kutafuta kipeo kisichojulikana, ambalo wanafunzi wengi hulidhania kuwa limebuniwa na walimu kwa ajili ya mitihani, asili yake ni deni, yaani haja ya mkopeshaji na mkopaji kujua ni baada ya muda gani mali iliyotolewa kwa riba itafikia kiasi fulani.

Katika jumba la makumbusho la Louvre, mjini Paris, kimehifadhiwa kibao cha udongo cha Babeli ya kale, kilichoandikwa zaidi ya miaka 3,500 iliyopita, ambamo imeulizwa hivi: mali iliyokopeshwa kwa riba ya sehemu moja ya tano kila mwaka, na riba nayo ikazaa riba, itarudufika lini? Sisi leo tungeliandika kwamba 1.2 yenye kipeo x ni sawa na 2. Walakini mwandishi yule, ambaye hakuwa na alama hizo, aliona ya kuwa kila 1 hufika 1.728 mwishoni mwa mwaka wa 3, na mwishoni mwa mwaka wa 4 huwa imekwisha kuipita 2 na kufika 2.0736, basi akakadiria kana kwamba ndani ya mwaka huo mali huongezeka kwa mwendo mmoja, akapata miaka 4 kasoro miezi 2 na nusu na ushei. Jibu lake likilinganishwa na jibu kamili, ambalo ni miaka 3.80 hivi, limepungua kwa siku kama 5 tu.

Zikapita karne nyingi. Mwaka 1544 Mjerumani Michael Stifel alipanga safu mbili, moja ya vipeo na moja ya namba zinazotokana na 2, akaonyesha kwamba kujumlisha katika safu ya kwanza ni kuzidisha katika ya pili; na kwa safu hizo mtu huona mara moja kwamba 2 hufika 32 kwa kipeo cha 5. Lakini namba zilizo baina ya hizo zilibaki bila jedwali, hata John Napier wa Scotland alipotangaza logarithimu zake mwaka 1614, na Henry Briggs akafunga safari kutoka London mwaka uliofuata kwenda kumwona, wakaafikiana kwamba logarithimu ya 1 iwe 0. Mwaka 1624 Briggs alitoa majedwali ya namba 30,000, kila moja kwa tarakimu 14 za desimali.

Tangu hapo mlinganyo wa Babeli umekuwa kazi ya kugawanya mara moja: logarithimu ya 2, ambayo ni 0.3010, kwa ile ya 1.2, ambayo ni 0.0792. Leonhard Euler naye, katika kitabu chake cha mwaka 1748, alifundisha kwa mfano wa mtu mwenye deni la fiorini 400,000 kwa riba ya asilimia 5, alipaye 25,000 kila mwaka, ambaye deni lake litakwisha baada ya miaka 33 hivi.

Kwa hiyo nawasihi walimu wetu, kabla ya kumpa mwanafunzi kanuni ya logarithimu, wampe kwanza swali la deni, ajaribu kulikadiria kama alivyofanya mwandishi wa Babeli. Kwani aliyeijua haja ya elimu huishika kwa uthabiti zaidi kuliko aliyepewa kanuni tupu.