Mhunze: Mji Ulioletwa na Ng'ombe



Kamati imeniomba niandike kurasa chache za historia ya mji wetu, zitangulie orodha ya michango ya mwaka huu. Nilipouliza nianzie wapi, mjumbe mmoja akasema, "Anzia 2002." Mwaka huo Shinyanga Vijijini iligawanywa, Wilaya ya Kishapu ikaanzishwa na makao makuu yakawekwa Mhunze. Ni kweli kwamba ofisi, nyumba za watumishi, maduka na nyumba za wageni viliongezeka baada ya hapo. Lakini sikubali kwamba historia yetu ilianza siku ile. Watu wa eneo hili walikuwa na maisha yao kabla ya kuwa na mkuu wa wilaya, na maisha hayo yalikwenda na fimbo mkononi na ng'ombe mbele.

Aliyekulia kwetu hahitaji kalenda kujua siku ya mnada. Alfajiri unaona vumbi limesimama juu ya njia zote, na masika unaona watu wamepaka tope jeusi hadi magotini, maana mbuga zetu zikilowa hazina huruma na gari wala baiskeli. Wauzaji wanaswaga kwa miguu, wengine wamelala njiani. Wachuuzi wanakuja na malori. Yuko dalali mwenye sauti iliyokauka, yuko mkata ushuru, yuko bwana mifugo na vitabu vyake vya vibali, na wako akina mama wenye masufuria ya wali na nyama. Pembeni wanauza michembe, matobolwa na nsansa kwa wale waliouza na wale waliokosa bei. Ng'ombe akipakiwa hapo anaweza kuishia mnada wa Pugu, na wenzetu mlioko Dar es Salaam mkamla bila kujua kwamba mmekutana na wa nyumbani.

Lakini wazee hawaendi mnadani kuuza tu. Huko ndiko wanakopata habari za msiba, za posa na za madeni. Mahari hupatanwa nyumbani, ila ng'ombe wake hutazamwa mnadani, na mkwe mjanja hujifanya amepita tu.

Vijana waliozaliwa mjini nawaomba waelewe jambo moja kuhusu ng'ombe hawa. Msukuma wa zamani hakuweka mali yake yote katika zizi moja. Aliwagawa ng'ombe wake kwa ndugu na marafiki wa mbali, wawachunge, wanywe maziwa, walime kwa maksai, wapate samadi. Wazee waliita desturi hiyo kubilisa. Mvua ikigoma upande huu, huenda imenyesha upande ule. Ugonjwa ukiingia zizi hili, mbegu imebaki kwa rafiki. Mwenye ng'ombe wengi alimhitaji asiye na ng'ombe, na huyu asiye na ng'ombe akapata pa kuanzia. Tulikuwa na benki kabla ya benki, na daftari lake lilikuwa kichwani mwa mzee.

Benki hiyo ilikaa juu ya majani, na hapo ndipo historia yetu inapouma.

Katika miaka ya 1890 ugonjwa wa sotoka ulipita Afrika Mashariki na kuua ng'ombe kwa wingi usiosemeka. Mifugo ikiisha na watu wakipungua, pori hurudi, na pori lilirudi na mbung'o, anayeleta nagana kwa ng'ombe na malale kwa watu. Miaka ya 1920 Mwingereza Charles Swynnerton, aliyekuwa bwana wanyamapori wa Tanganyika, alifanya Shinyanga kuwa kituo chake cha vita dhidi ya mbung'o. Vitabu humtaja yeye na idara yake ya utafiti, aliyoiongoza hadi alipokufa kwa ajali ya ndege mwaka 1938. Sisi tunapaswa kutaja pia mikono. Mtemi Makwaia wa Busiya, upande wa Ukenyenge ya leo, aliita watu, nao wakatoka kwa maelfu na mashoka kufyeka pori kwa zamu wakati wa kiangazi. Mtoto wa mtemi huyo, Kidaha Makwaia, ndiye aliyeingia Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1945 pamoja na Mtemi Abdiel Shangali wa Machame, Waafrika wa kwanza kukaa humo. Sanjo ya Busiya tunayocheza kila mwaka pale Ukenyenge inakumbuka utemi huo, hata kama wengi wetu tunaifuata kwa ajili ya ngoma na pilau.

Mbung'o walikimbia, ng'ombe wakaongezeka, na pamba ikaja kwa nguvu. Kufikia 1955 wakulima wa Kanda ya Ziwa walikuwa na shirikisho lao la ushirika chini ya Paul Bomani. Lakini shoka lililofukuza mbung'o halikujua pa kuishia. Mti uliobaki ulikatwa ili kupata shamba la pamba, kisha kuni, kisha nguzo.

Serikali ya kikoloni iliona ardhi inachoka na ikaja na dawa yake. Kuanzia 1947 mradi wa maendeleo wa Usukuma, makao yake Malya, ulileta amri juu ya amri: matuta, mipaka ya kulima, na lililoudhi kuliko yote, kupunguza mifugo. Mtu aliambiwa auze asilimia fulani ya ng'ombe kila mwaka, hata kama wengine si wake bali amewekewa na rafiki. Tazama jinsi amri hiyo ilivyopiga kubilisa moyoni! Hasira hiyo ndiyo TANU iliikuta huku, na ndiyo sababu mojawapo iliyofanya chama kinyimwe matawi Kanda ya Ziwa tangu 1954 hadi 1958. Mwaka huo wa 1958 watu wa Geita waliandamana mpaka Mwanza kupinga baraza walilowekewa. Wengi wa walioishi Geita wakati huo walikuwa Wasukuma waliohamia huko na ng'ombe wao kutafuta ardhi. Kwa hiyo mkisikia leo ndugu zetu wamejaa Geita, msidhani dhahabu ndiyo iliyowapeleka wa kwanza.

Sasa nifike kwenye ngitili. Kwa wasiojua: ngitili ni eneo la malisho linalofungwa mvua zinapoanza, majani yakue na kukaukia hapo hapo, kisha linafunguliwa kiangazi kinapokuwa kikali, kwa ndama, ng'ombe wagonjwa na maksai watakaolima. Kulikuwa na ngitili za kaya na za jamii. Aliyeingiza ng'ombe kabla ya wakati aliitwa mbele ya dagashida, mkutano wa watu wote, akatozwa. Hapakuwa na senyenge. Senyenge ilikuwa aibu.

Mwaka 1974 Operesheni Vijiji ilitusogeza tukae pamoja. Shule na zahanati zilikaribia, hilo silibezi. Lakini mtu aliyehamishwa aliacha ngitili yake nyuma, na kitu kisicho na mwenyewe karibu huliwa na kila mpita njia. Mashamba na malisho ya karibu na kijiji kipya yakachakaa haraka. Kufikia miaka ya 1980 Shinyanga nzima ilikuwa ikisemwa kama jangwa, na ngitili zilizojulikana mwaka 1986 zilikuwa hekta 600 hivi tu katika mkoa mzima.

Bibi yangu alipikia kinyesi cha ng'ombe na miti ya pamba iliyokauka, kwa sababu kuni zilikuwa safari ya siku nzima. Moshi huo unawajua macho. Ndugu zangu, kuna jambo ambalo hatulisemi kwenye vijarida vya harambee, nami nitalisema kwa ufupi: katika mkoa wetu vikongwe waliuawa kwa sababu macho yao yalikuwa mekundu, wakaitwa wachawi. Macho yale yaliwashwa na moshi. Ardhi iliyokosa miti haikuwakausha ng'ombe peke yao.

Mwalimu Nyerere alikuja Shinyanga mwaka 1984, akaona, na kutokana na ziara hiyo Hifadhi Ardhi Shinyanga, HASHI, ikaanza mwaka 1986 kwa msaada wa Norway. Mwanzoni wataalamu walileta miche ya kupanda. Kilichofanya kazi kweli kilikuwa ni kurudi kwa wazee na kuuliza walifanyaje zamani. Ngitili zikafungwa upya, visiki vilivyokuwa hai chini ya ardhi vikachipua vyenyewe, na dagashida ikapewa tena kazi yake. Mradi ulipomalizika mwaka 2004, ngitili zilikuwa zimerudi kwenye zaidi ya hekta 300,000 katika vijiji zaidi ya 800. Mwaka 2002 ulipata tuzo ya Ikweta ya Umoja wa Mataifa. Mama aliyekuwa akitembea mchana kutwa kutafuta kuni aliokota nyuma ya nyumba. Nimeona watu wakishangilia lami kuliko hilo, na sijui kwa nini.

Katika miaka hiyo hiyo, baada ya vita vya Kagera, bunduki zilizagaa na wizi wa ng'ombe ukawa wa kutisha. Sungusungu ilianza upande wa Kahama na Shinyanga mwanzoni mwa miaka ya 1980. Filimbi ikilia, au mwano ukipigwa, kila mwanaume alitoka na upinde. Ng'ombe walirudi usalama. Pia palitokea vipigo na hukumu za haraka, na vikongwe niliowataja hawakuponywa nayo. Wakati mwingine yalikuwa kinyume. Sheria iliitambua sungusungu mwaka 1989.

Halafu ikaja dhahabu. Kishapu yenyewe ilikuwa na almasi ya Mwadui tangu Williamson alipoigundua mwaka 1940, na Maganzo ulikua pembeni yake. Lakini dhahabu ya Kahama na Geita ndiyo iliyochukua vijana wetu. Bulyanhulu ilianza uzalishaji mkubwa mwaka 2001, mgodi wa Geita mwaka mmoja kabla, na kando ya migodi mikubwa kuna maduara ya wachimbaji wadogo ambayo karibu kila familia ya huku ina mtu wake ndani. Kijana akipata, anafanya nini? Ananunua ng'ombe. Hata wa gramu chache huanza na mtamba. Waliokosa malisho kabisa walihama na mifugo kwenda Usangu, Rukwa na Kilombero. Wengi wa waliokuwa Usangu waliondolewa miaka ya 2006 na 2007, wakaswaga mpaka Lindi.

Na hapa naomba mnisome mkiwa mmekaa. Anayekula ngitili leo ni sisi, wala tusimtafute mkoloni. Mji umekua, ardhi ya pembezoni ina bei, na mwana wa nyumbani aliyefanikiwa hurudi na fedha zake akatafuta eka. Eka zenye majani mazuri ni zipi? Zile zilizofungwa. Familia ikibanwa na ada au matibabu inauza ngitili yake, mnunuzi anazungusha senyenge na kuweka ng'ombe 100 wenye mchungaji wa mshahara. Ng'ombe hao hawabilishwi kwa mtu. Ngitili za jamii nazo zinamegwa, kiwanja hapa, shamba pale, na mara nyingine kwa mihuri halali kabisa. Sitaji majina. Nikitaja ningeanza na langu, maana nami nilinunua eka sita mwaka fulani na sikuuliza jirani aliyekuwa akichungia hapo alikwenda wapi. Nilikuja kuuliza baadaye. Alihamia Katavi.

Ndiyo maana mwaka huu kamati haiombi fedha za ukumbi. Najua wengine mlitaka ukumbi, na hoja ya harusi kunyeshewa ni ya kweli. Fedha zinaombwa kwa mambo mawili. La kwanza ni kupima na kuweka mipaka ya ngitili za jamii katika vijiji vinavyouzunguka mji, ziingie kwenye mipango ya matumizi bora ya ardhi ya vijiji chini ya Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, ili kipande kisiuzwe bila mkutano mkuu wa kijiji kujua. La pili ni kufukua lambo lililojaa tope, kwa sababu ngitili isiyo na maji karibu hutunza majani ya ng'ombe wanaokufa kwa kiu. Makadirio ya gharama yako ukurasa unaofuata, na mweka hazina atasoma risiti zote mbele ya mkutano, kama dagashida.

Mnaoishi mbali mnaweza kutuma kwa simu. Mlio karibu mnaweza kuleta mnyama, na siku ya harambee dalali atakuwepo. Mimi nimeahidi eka mbili kati ya zile sita zirudi kwenye ngitili ya jamii, pamoja na mtamba mmoja. Mtamba huyo yuko kwa shemeji yangu, amekaa huko miaka mitatu, na shemeji ameshakubali kumtoa, ila amesema ndama wa kwanza anabaki kwake.