Kuchagua Watu Wengi kwa Mara Moja: Njia Nne za Kura na Matokeo Yake

Kumchagua mtu mmoja ni jambo jepesi kulieleza: aliyepata kura nyingi ndiye anayeshika nafasi. Lakini nafasi zinapokuwa tatu au tano, kama tunapounda halmashauri ya walei au kamati ya ujenzi, taratibu ya kupiga na kuhesabu kura yaweza kubadili matokeo, hata kama nia za wapiga kura hazijabadilika.

Tuchukue mfano wa parokia yenye wapiga kura 100 na nafasi 3. Waumini 60 wanatoka kigango kikubwa, 40 wanatoka vigango vidogo, na kila upande una wagombea 3.

Njia ya kwanza, iliyo rahisi kuliko zote, ni kila mmoja kuandika majina 3. Wale 60 wakishikamana, kila mgombea wao atapata kura 60, na wale wa upande wa pili kura 40. Nafasi zote zinakwenda upande mmoja, na waumini 40 wanabaki bila msemaji.

Njia ya pili ni kuandika majina machache kuliko nafasi zilizopo. Ndivyo ifanyikavyo katika Seneti ya Hispania: mkoa ukichagua maseneta 4, kwa kawaida mpiga kura huteua wasiozidi 3. Katika mfano wetu, kila mmoja akiandika majina 2, wengi hupata nafasi 2 kwa uhakika, na wachache huweza kupata 1. Udhaifu wake ni kwamba kila upande hulazimika kupanga mapema kura zake ziende kwa nani.

Njia ya tatu ni kura inayohamishika, itumikayo Ireland na Malta. Mpiga kura hupanga wagombea kwa namba: 1, 2, 3. Kiwango cha kushinda hupatikana kwa kugawa kura kwa idadi ya nafasi ukiongeza moja, kisha kujumlisha 1: 100 kwa 4 ni 25, hivyo kiwango ni 26. Kura za ziada za mshindi, na kura za aliyeondolewa kwa kuwa wa mwisho, huhamia kwa anayefuata katika karatasi. Kura 60 zinatosha viwango viwili, kura 40 kimoja. Matokeo ni 2 kwa 1, bila njama wala makubaliano. Mzigo wake ni hesabu ndefu, inayohitaji wahesabuji waliofundishwa.

Njia ya nne ni orodha za vyama, kama Afrika Kusini tangu 1994: viti hugawanywa kwa uwiano wa kura za kila chama. Hiyo yafaa bungeni. Parokia haina vyama, wala haipaswi kuwa navyo.

Njia yoyote itakayochaguliwa, Sheria ya Kanisa, kanuni ya 172, inatukumbusha kuwa kura iliyo halali ni huru, ya siri, ya hakika, isiyo na masharti na iliyo dhahiri. Tuongeze jambo moja la busara: taratibu iandikwe kabla majina ya wagombea hayajajulikana, maana baada ya hapo kila mtu huitetea ile inayompa ushindi.

Wahenga walisema, wengi wape. Na wapewe, lakini haki yao, si nafasi za wote.