GB imepanda, na halafu? Yale malale yalitufundisha kwenye ziwa letu



Huku Uvira, karatasi ya labo ikisema GB ni 13.000, wengi wetu hatungoji munganga. Tunapita farmasi, tunanunua antibiotiki, tunameza. Namba imeshageuka kuwa jina la ugonjwa. Lakini chembe nyeupe zikipanda zinatuambia tu kwamba mwili uko vitani. Adui ni nani, yuko fasi gani, hayo yanahitaji kutafutwa. Historia ya malale inaonyesha hayo vizuri, na ni historia ya ziwa letu pia.

Mwaka 1803 Thomas Winterbottom, daktari Mwingereza aliyefanya kazi Sierra Leone, aliandika kwamba wagonjwa wa malale wanavimba tezi za shingo. Aliandika pia kwamba wachuuzi wa watumwa waliijua dalili hiyo: mtu mwenye tezi hizo hawakumnunua. Tezi ni makao ya chembe nyeupe. Zikiongezeka mle ili kupigana, tezi inavimba. Kumbe wachuuzi wale walikuwa wanapima chembe nyeupe kwa vidole, bila kujua.

Miaka 100 baadaye, mwaka 1903, Dutton na Todd kutoka Liverpool walifika katika Kongo ya Leopold II. Walitilia mkazo kupapasa shingo za watu ili kuwatafuta wagonjwa. Dutton mwenyewe alifia Maniema Februari 1905, tena si kwa malale: alikufa kwa homa ya kimputu, ule ugonjwa wa kupe waliokuwa wanauchunguza.

Njia ya shingo ikaenea. Ng'ambo ya pili, Usumbura, ambayo leo ni Bujumbura, Wajerumani walifungua kambi ya wagonjwa wa malale. Upande wetu Wabelgiji waliweka pasipoti ya afya: bila karatasi hiyo, hakuna safari. Dawa ilikuwa atoxyl, yenye aseniki. Robert Koch aliijaribu visiwani Sese, Uganda, mwaka 1906 na 1907, na baadhi ya wagonjwa wakapofuka. Njo maana watu walikimbia kambi na kuficha shingo zao. Hawakuwa wajinga.

Tena shingo inaweza kudanganya. Kifua kikuu kinavimbisha tezi, kidonda cha kichwa pia. Kwa hiyo waganga walichoma tezi kwa sindano, wakatafuta kijidudu chenyewe kwa mikroskopi. Dalili ya chembe nyeupe ilifungua mlango tu. Jibu lilitoka kwa kijidudu.

Swali lililobaki: ugonjwa umefika kwenye ubongo ao bado? Huko Entebbe, Castellani alikuwa ameshaviona vijidudu katika maji ya uti wa mgongo. Baadaye kuhesabu chembe nyeupe katika maji hayo kukawa sheria. Mpaka 5 kwa kila milimita moja ya ujazo, ubongo bado salama. Zaidi ya 5, hatua ya pili. Na hapo namba ilikuwa uhai ao kifo, kwa sababu kuanzia 1949 dawa ya hatua ya pili ilikuwa melarsoprol, aseniki tena, iliyochoma mishipa na kuua karibu wagonjwa 5 kwa kila 100 waliotibiwa. Na mgonjwa huyohuyo, ukipima damu ya mkono, GB zake zingeweza kuwa za kawaida kabisa.

Leo kuna fexinidazole, vidonge vya siku 10, iliyojaribiwa hapa kwetu Kongo chini ya Dr Victor Kande na kukubaliwa mwaka 2018. Wagonjwa wengi hawachomwi tena mgongo. Ila ugonjwa ukionekana mkali, maji bado yanapimwa: chembe zikifika 100, wanarudi kwenye dawa ya sindano.

Sasa turudi kwenye karatasi yako. Kwa mtu mzima, GB za kawaida ni kama 4.000 mpaka 10.000. Ukiona 13.000, uliza kwanza formula: ni chembe gani zimepanda? Neutrofili zikipanda, mara nyingi ni bakteria, lakini hata mimba ao kuungua kunazipandisha. Eozinofili zinaelekeza kwenye minyoo ao alerji. Limfosita mara nyingi ni virusi. Na GB za chini ao za kawaida zisikutulize ukiwa na homa: malaria na tifoidi mara nyingi haziongezi GB. Tena Waafrika wengi wazima wana neutrofili chache kuliko kipimo kilichowekwa Ulaya, na si wagonjwa.

Kwa hiyo, mbele ya farmasi, peleka karatasi kwa munganga, ueleze homa ilianza lini, uombe kipimo cha malaria. Antibiotiki ya kubahatisha inafunza bakteria kuzoea dawa, na siku utakapoihitaji kweli, haitakusaidia.

Na kwenu, ninyi munaosoma udaktari, uuguzi na kazi za labo: mukimpa mtu namba, mumpe na maana yake. Wazee wetu walipapaswa shingo bila kuelezwa kitu.