Jina la Dini: Hoja za Dini ya Msambwa dhidi ya Kanisa la Misheni

Historia ya Dini ya Msambwa imeandikwa mara nyingi kama historia ya ghasia. Serikali ya kikoloni ya Kenya ilikieleza kikundi hiki cha ibada, kilichozuka miongoni mwa Wabukusu wa Bungoma mwanzoni mwa miaka ya 1940, kuwa ni ushupavu wa watu wasiojua walitendalo. Baadhi ya wanazuoni waliofuata, wakikusudia kukitetea, walikiona kuwa ni siasa iliyovaa joho la ibada. Maelezo yote mawili yana upungufu mmoja: hayaulizi wafuasi hao walikuwa wakisema nini juu ya dini yenyewe. Makala hii inakusudia kuonyesha kwamba ndani ya Dini ya Msambwa mlikuwamo uhakiki wa kifalsafa wa kanisa la misheni, na kwamba msingi wa uhakiki huo unaonekana kwanza katika jina.

Jina hilo lina sehemu mbili. Dini ni neno lililoingia katika Kiswahili kutoka Kiarabu, likatumika pwani kwa Uislamu, na baadaye wamisionari wakalichukua kwa Ukristo. Msambwa ni neno la Kibukusu, kumusambwa, wingi wake kimisambwa, lililovuliwa kiambishi chake cha mwanzo na kuvikwa umbo la ngeli ya m-/mi- ya Kiswahili. Maana yake ni mizimu ya wahenga, pamoja na yale yanayorithiwa kutoka kwao katika ukoo. Katika mafundisho ya misheni maneno haya mawili hayakuweza kukaa pamoja. Upande mmoja palikuwa na dini. Upande wa pili palikuwa na upagani, mila na ushirikina. Kuyaunganisha kwa kiungo kifupi “ya” kulikuwa ni kutoa dai: kwamba ibada ya wahenga ni dini, nayo inastahili kupimwa kwa mizani ile ile inayopimiwa Ukristo na Uislamu.

Yafaa kuzingatiwa pia kwamba dai hilo lilitolewa kwa Kiswahili. Mashariki ya nchi ya Wabukusu, ng’ambo ya mto Nzoia na kuzunguka Kitale, yalikuwapo mashamba makubwa ya walowezi. Mji unaoitwa leo Moi’s Bridge uliitwa Hoey’s Bridge, kwa jina la mlowezi Arthur Cecil Hoey aliyejenga daraja juu ya mto huo. Jina la sasa lilikuja baada ya uhuru. Katika mashamba hayo Wabukusu wengi waliishi kama vibarua na maskwota, pamoja na watu wa lugha nyingine, na lugha ya kazi ilikuwa Kiswahili. Jina la Kibukusu kitupu lingebaki kuwa jambo la kabila moja. Jina la Kiswahili liliweza kuvuka mashamba, na likavuka hata kufika kwa Wapokot. Serikali nayo ilitwaa neno hilo kwa maana yake: katika Kiingereza cha maofisa, “dini” likawa jina la kundi lolote la ibada la Waafrika lililotiliwa shaka. Hivyo neno moja lilikuwa heshima kinywani mwa mfuasi, na shtaka katika taarifa ya ofisa.

Kanisa lililohojiwa zaidi lilikuwa lile la Marafiki, yaani Wakweka, ambao wamisionari wao kutoka Marekani walianza kazi Kaimosi mwaka 1902. Katika sehemu hizo kuwa Mkristo kulikuwa sawasawa na kusoma. Waumini waliitwa kwa jina lenye maana ya wasomaji. Lakini vitabu vya Marafiki viliandikwa kwa Kilogooli, ambacho Agano Jipya lake lilitoka mwaka 1925, na Wabukusu walitarajiwa kumsoma Mungu kwa lugha ya majirani. Jina lao wenyewe la Mungu lilikuwa Wele. Hapa panafaa kukumbukwa hoja ya Okot p’Bitek katika kitabu chake cha mwaka 1970 juu ya dini za Kiafrika katika taaluma ya Magharibi: kwamba huko Acholi wamisionari walimpa Mungu wa Biblia jina la Rubanga, ambalo kwa wenyeji lilikuwa jina la nguvu iletayo kibyongo. Fundisho lake ni kwamba atafsiriye jina la Mungu bila kuuliza ulimwengu wa jina hilo hufikiri amefikisha ujumbe, kumbe ameanzisha ujumbe mwingine. Kwa Wabukusu tatizo lilikuwa la namna nyingine. Wele aliweza kukubaliwa na kanisa, ila kwa sharti la kutengwa na wahenga ambao kwa njia yao watu walizoea kumwelekea.

Kiongozi wa Dini ya Msambwa, Elijah Masinde wa Kimilili, alilelewa katika kanisa hilo la Marafiki, na alijulikana pia kama mchezaji hodari wa kandanda. Alitengwa na kanisa alipooa mke wa pili. Tukio hilo lingeweza kuonekana kuwa dogo, lakini lilizaa swali ambalo kanisa halikulijibu kwa urahisi. Kama Biblia ni kipimo, mbona Abrahamu, Yakobo na Daudi walikuwa na wake wengi wala hawakufutwa katika orodha ya watakatifu? Na kama Waisraeli walimwita Mungu wao kwa majina ya baba zao, ni kosa gani Mbukusu kumwita Wele kwa majina ya baba zake? Haya hayakuwa maneno ya mtu asiyeijua Biblia. Yalikuwa ni maneno ya msomaji aliyetumia kitabu cha kanisa kuyahukumu mapokeo ya kanisa.

Hoja ya pili ilihusu neno na tendo. Kanisa lilihubiri udugu, na Marafiki hasa walihubiri kwamba vita ni dhambi. Hata hivyo, hadi Eliud Mathu alipoingia katika Baraza la Kutunga Sheria mwaka 1944, waliozungumza humo kwa niaba ya Waafrika walikuwa Wazungu, aghalabu wamisionari. Mwaka huo huo, vita vikiwa vinaendelea, Masinde alipinga watu kuchukuliwa kwa kazi ya lazima. Alishtakiwa, na mwaka 1945 akapelekwa katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya Mathari, Nairobi, alikokaa hadi 1947. Jibu hilo la dola lina maana kubwa kwa mwanafalsafa. Hoja hujibiwa kwa hoja. Mwenye hoja akiitwa mwendawazimu, mjadala umefungwa kabla ya kuanza.

Mwezi wa Septemba 1947 wafuasi walikusanyika Chetambe kuwakumbuka Wabukusu waliouawa hapo na majeshi ya Waingereza mwaka 1895. Kwa kanisa, hao walikuwa wafu wasiobatizwa. Kwa waliokusanyika, walikuwa wahenga wenye haki ya kukumbukwa. Februari 1948 polisi walifyatulia umati risasi huko Malakisi, wakaua watu 11. Mwezi huo huo Dini ya Msambwa ikapigwa marufuku, na baada ya kukamatwa Masinde alihamishiwa Lamu, akakaa kifungoni hadi karibu na wakati wa uhuru.

Haifai kuuficha udhaifu wa uhakiki huu. Uliliaga kanisa huku ukichukua Biblia yake. Ulidai uhuru wa ibada huku baadhi ya wafuasi wakitaka wamisionari wafukuzwe na wakitumia moto dhidi ya mali. Tena haukuandikwa na wenyewe, hivi kwamba sehemu kubwa imehifadhiwa na wapinzani wao. Lakini Henry Odera Oruka, katika utafiti wake wa hekima ya wazee wa Kenya, ameonyesha kwamba kutoandika si dalili ya kutofikiri, na kwamba mtu aweza kuyahoji mapokeo bila kupita chuo kikuu.

Mtihani wa mwisho ulikuja baada ya uhuru. Dini ya Msambwa iliruhusiwa mwaka 1964, ikapigwa marufuku tena mwaka 1968, safari hii na serikali ya Waafrika. Masinde alifariki mwaka 1987. Kama hoja yake ingekuwa ni chuki ya Mzungu tu, ingalikwisha Mzungu alipoondoka madarakani. Ilibaki kwa sababu swali lake lilikuwa pana zaidi: nani mwenye mamlaka ya kuamua kwamba ibada ya hawa ni dini, na ya wale si dini? Swali hilo ni la mwanafalsafa, lakini ni la mwanaisimu pia, kwani kila kamusi inayotoa maana ya neno “dini” imekwisha kulijibu, hata kama mtungaji wake hakujua kwamba ameulizwa.