Barua Iliyokaa Miezi 15

Tarehe 29 Novemba 2008, mwanasiasa wa India Subramanian Swamy alimwandikia Waziri Mkuu Manmohan Singh akiomba kibali cha kumshtaki A. Raja, waziri wa mawasiliano. Tuhuma zilihusu leseni 122 za simu zilizotolewa Januari mwaka huo kwa bei ya mwaka 2001. Swamy hakukubaliwa wala hakukataliwa. Aliandika tena na tena. Jibu lilimfikia Machi 2010: ombi limekuja mapema mno, kwa kuwa wapelelezi bado wanakusanya ushahidi.

Sharti hilo la kuomba ruhusa lina umri mkubwa. Kifungu cha 197 cha sheria ya mwenendo wa makosa ya jinai ya mwaka 1898 kiliagiza kwamba ofisa asiyeweza kuondolewa kazini bila idhini ya serikali asishtakiwe kwa jambo alilofanya kazini mpaka serikali iridhie. Waingereza walizileta sheria za jinai za India hata Afrika Mashariki, na Kenya ilizitumia hadi ilipopata zake mwaka 1930. Sababu ya kifungu hicho haikuwa ya kipuuzi. Hakimu na mtoza kodi hujipatia maadui kila siku, na kesi ya chuki inaweza kumchafulia jina mtu mwadilifu.

Lakini kula rushwa ni kazi? Mwaka 1948, katika rufaa ya ofisa aitwaye Gill, Baraza la Mfalme mjini London lilijibu kwamba hapana: hukumu anayoitoa hakimu ni kazi yake, hongo aliyoipokea kwa ajili ya hukumu hiyo si kazi yake. Jibu hilo lilikuwa safi, ila lilikuja wakati sheria ya kuzuia rushwa ya mwaka 1947 imekwisha kuweka sharti lake la kibali kwa makosa ya hongo yenyewe.

Kisha ikaja kesi ya A. R. Antulay, waziri kiongozi wa jimbo la Maharashtra. Saruji ilikuwa adimu na iligawiwa kwa mgao. Wajenzi walituhumiwa kuchangia mfuko wake wa hisani ili waipate. Alijiuzulu Januari 1982. Februari 1984, Mahakama ya Juu iliamua kwamba aliyekwisha kutoka kwenye cheo anachodaiwa kukitumia vibaya anashtakiwa bila kibali. Kilicholindwa ni kiti, na aliyekiacha aliuacha na ulinzi wake.

Tatizo kubwa lilibaki kwa wanaokalia mafaili. Desemba 1997, katika kesi ya Vineet Narain, mahakama iliagiza uamuzi utolewe ndani ya miezi mitatu, ukiongezwa mmoja endapo ushauri wa mwanasheria wa serikali utahitajika. Barua ya Swamy ilikaa zaidi ya miezi 15 licha ya agizo hilo. Aliposhinda rufaa aliyokata kuhusu ucheleweshaji huo Januari 2012, Jaji A. K. Ganguly wa Mahakama ya Juu alipendekeza Bunge litunge kanuni kwamba muda ukipita kimya, kibali kihesabiwe kimetolewa. Raja alishtakiwa, na Desemba 2017 mahakama ikamwachia huru. Hata hivyo, aliyestahili kupima ushahidi ni hakimu, mbele ya watu, na si karani mwenye jalada mezani.

Tanzania nayo ina kibali chake. Sheria ya mwaka 2007 iliyounda TAKUKURU, taasisi ya kuzuia na kupambana na rushwa, iliweka sharti la idhini ya Mkurugenzi wa Mashtaka kwa makosa mengi ya rushwa. Hapo ufunguo uko kwa mwendesha mashtaka, hauko kwa mkubwa wa mtuhumiwa.

India haikulifuata pendekezo la Ganguly. Marekebisho ya mwaka 2018 yalisema mamlaka ijitahidi kujibu ndani ya miezi mitatu, yakawapa wastaafu kinga waliyonyimwa na uamuzi wa kesi ya Antulay, na yakadai ruhusa hata kabla ya upelelezi wa maamuzi ya kiofisi kuanza. Raia wa kawaida naye sasa lazima afungue malalamiko mahakamani kwanza, na aombe kibali pale tu mahakama itakapomwelekeza. Barua aliyoiandika Swamy moja kwa moja kwa Waziri Mkuu mwaka 2008 haina tena nafasi katika sheria hiyo.